Mpingo, Jiwe la Kisii, Udongo au Chuma: Uanzie Karakana Ipi?

Mpwa wangu wa kike amemaliza kidato cha nne na anataka kuwa mchonga sanamu. Wazazi wake wameshakubali, kwa hiyo hakuja kwangu kutafuta wa kumtetea. Alikuja na swali: "Mjomba, niende Mwenge, au niende kule Kenya kwenye mawe, au nianze na udongo hapa hapa nyumbani?" Nilimjibu papo hapo aende Mwenge, kwenye soko la wachonga vinyago jijini Dar es Salaam, kwa sababu mimi mwenyewe nimekulia kwenye mpingo na ndiyo kazi niipendayo kuliko zote. Usiku nikajiona nimemkosea. Nilikuwa nimempa jibu langu, na yeye ana mikono yake, subira yake na mfuko wake.

Basi nimekaa nikaandika ulinganisho huu, kwa ajili yake na kwa yeyote aliyesimama kwenye njia panda hiyo. Mpingo nimeuchonga miaka mingi. Tabaka, huko Kisii nchini Kenya, nimekwenda mara tatu, na safari moja nilikaa miezi miwili nikifundishwa jiwe. Udongo nimefinyanga kwa mama mmoja mtu mzima ambaye hakuwahi kuniita mwanafunzi, ila alinipa donge kila nilipofika. Chuma nimekijua kwa kupanga jirani na fundi wa kuchomelea. Katika kuhama huko nimejifunza jambo ambalo sikuambiwa na mtu: kila malighafi ina namna yake ya kupokea kosa. Ipo inayolibeba kosa lako maisha yake yote, ipo inayolisamehe, ipo inayolificha mpaka siku ya moto. Mtu akishajijua anavumilia kosa la namna gani, safari ya kuchagua karakana imefika nusu.

Mpingo: gogo nalo lina kauli

Asiyewahi kubeba gogo la mpingo hushangazwa kwanza na uzito. Kipande cha ujazo wa lita moja kina uzito wa kilo 1.2 hivi, ndiyo maana ukikitupa majini kinazama. Nje kuna tabaka jeupe lenye umanjano, ndani kiini cheusi. Mara nyingi gogo limepinda, lina tundu katikati, au ufa umekimbia toka upande huu hadi ule. Mti huu huchukua miaka 70 hadi 100 kufikia unene wa kuvunwa, na katika muda wote huo mioto ya porini na ukame vimeacha alama zake ndani. Huwezi kupata magogo mawili yanayofanana, na huwezi kuagiza gogo la umbo unalotaka.

Mzee aliyenifundisha alikuwa na gogo lenye panda mbili. Alilisimamisha, akalilaza, akaligeuza juu chini. Akaenda kunywa chai. Kesho yake akaligeuza tena, akalipapasa kwa kiganja kama anayepapasa mgongo wa ng'ombe, akaliacha. Sisi vijana tulinung'unika, maana wateja walikuwa wakipita na sisi hatuna kitu cha kupiga msasa. Siku ya tatu alikaa chini, akalibana gogo kwa nyayo, akachukua tezo na kuanza kumenya ule weupe kwa mapigo mafupi mafupi, bila kuchora mstari hata mmoja. Zile panda zikawa magoti ya mwanamke aliyechuchumaa. Lile tundu la katikati, ambalo mimi ningeliziba kwa unga wa mpingo na gundi nikijiona fundi, likawa uwazi kati ya mkono na kifua. Siku zile mbili za chai alikuwa kazini kuliko sisi sote.

Baada ya tezo huja patasi na rungu, kisha tupa, kisha msasa kuanzia mkali hadi laini, na mwisho nta. Ukisema hivyo inaonekana safari fupi. Kweli yenyewe ni kwamba mpingo unakula makali ya chuma, na sehemu kubwa ya siku ya mchongaji inaishia kwenye jiwe la kunolea. Patasi butu hukuhadaa: unasukuma zaidi, inateleza, na pua ya sanamu imekwenda. Pua ya mpingo haibandikwi tena. Utalazimika kushusha uso mzima, na mashavu yafuate, na kichwa kiwe kidogo kuliko ulivyokusudia. Kosa limeingia kwenye mwili wa kazi na halitoki.

Lakini hapo hapo ndipo mpingo ulipozaa mambo makubwa. Wachongaji wengi walioleta mageuzi Dar es Salaam walikuwa Wamakonde waliovuka mto Ruvuma kutoka uwanda wa Mueda, Msumbiji, kutafuta kazi kwenye mashamba ya mkonge. Hadithi inayosimuliwa vibandani ni ya Samaki Likankoa, mwishoni mwa miaka ya 1950: sanamu yake ya binadamu ilivunjika mkono, naye badala ya kuitupa akaendelea kuichonga ikawa kiumbe kingine kabisa, nusu mtu nusu jini. Mohamed Peera, mfanyabiashara aliyekuwa akinunua kazi za Wamakonde jijini, akaipenda na kutaka nyingine. Mtindo wa shetani, ambao leo kila mgeni anaujua, wenyewe husema ulitokea kwenye mkono uliovunjika. Nguzo za ujamaa, zile za watu waliopandana wakishikiliana toka chini hadi juu, zina akili ya namna hiyo pia: mchongaji anafuata gogo linakompeleka, na kila ufa unageuzwa kuwa mpaka kati ya mtu na mtu.

Kwa mwanafunzi, jambo la kujua mapema ni kwamba miezi mingi ya mwaka wa kwanza hutachonga. Utapiga msasa, utapaka nta, utafagia maranda ya mbao, utatumwa chai. Mimi nilisubiri miezi saba kabla ya kuruhusiwa kugusa mguu wa twiga. Nilichukia wakati ule. Sasa najua kwamba vidole vyangu vilikuwa vinasoma: anayepiga msasa bega la sanamu ya fundi mkubwa mara mia analijua bega hilo kuliko aliyelitazama kwenye picha.

Tabaka: jiwe linalokubali panga

Kwanza niondoe mkanganyiko unaowapata wengi huku kwetu. Wakisii ninaowasema ni wa magharibi mwa Kenya, na jiwe lao linachimbwa kwenye vilima vya Tabaka. Wakisi wa Ziwa Nyasa ni watu wengine, wafinyanzi, nao nitawafikia.

Jiwe la Kisii, au jiwe la sabuni kama Wakenya wanavyolisema, ni laini kiasi kwamba kisu cha jikoni kinalikwaruza bila shida. Wanaume hulichimba kwenye mashimo kwa mitaimbo, sururu na majembe, kazi ya jasho na hatari hasa mvua zikinyesha. Likitoka ardhini lina unyevunyevu na ni laini zaidi, ndiyo maana mafundi hupenda kulichonga likiwa bado bichi, au hulilowesha kwanza. Kisha fundi anakaa na panga. Ndiyo, panga hili hili la shambani. Anaweka pande la jiwe juu ya gogo au pajani, analichanja, na katika muda wa kuchemsha maharage umeshaona tembo anatoka mgongo, kichwa, mkonga. Kisu kinafuata kwa macho na masikio.

Rangi zake ndizo zilizoniteka: jeupe, la maziwa, la waridi, la kijivu, la kahawia lenye michirizi. Lakini wakati wa kuchonga huioni rangi. Vumbi jeupe linafunika kila kitu na mawe yote yanafanana. Niliielewa karakana ya Tabaka siku niliyokaa na akina mama wa msasa. Huko, kwa kawaida, wanaume wanachimba na kuchonga, wanawake wanapiga msasa. Mama mmoja alikuwa na beseni la maji katikati ya miguu na bakuli lenye umbo la samaki, jeupe kama chaki. Alilizamisha, akalisugua kwa msasa uliolowa, maji yakawa kama uji. Akalitoa, akalisuuza, na pale pale waridi ikajitokeza, na mshipa wa kahawia ukapita toka mdomoni mwa samaki hadi mkiani kana kwamba fundi aliupanga. Hakuupanga. Alichonga gizani, na aliyeona jiwe ni mama wa beseni. Akalikausha juani, akalipaka nta, rangi ikatulia. Jina linalosemwa dukani ni la mchongaji.

Hapa ndipo mpingo na jiwe vinapoachana kabisa. Kwenye mpingo, mtu mmoja anaona mwanzo na mwisho, na gogo ameliona kabla ya kuligusa. Kwenye jiwe, uzuri wa malighafi unajulikana mwishoni, na kazi imegawanywa mikononi mwa watu watatu au wanne. Usipopenda kushirikiana, au usipoweza kukubali kwamba nusu ya uzuri wa kazi yako iko kwa mwingine, Tabaka itakuchosha.

Kosa la jiwe ni la haraka. Kuna mshipa usiouona, unagonga mara moja na sikio la tembo limeanguka. Mafundi huligonga kwanza jiwe na kulisikiliza. Lenye ufa linatoa sauti iliyoziba. Likivunjika, mtu anacheka, analigeuza kuwa kiboko, maana kiboko ana masikio madogo. Hasara ni ya saa moja. Mimi siku ya pili tu nilikuwa na kiboko wangu mkononi, kibaya, lakini kizima. Kwa mtu ambaye moyo wake unahitaji kuona matunda mapema, jambo hilo ni dawa.

Hatari yake ni hiyo hiyo haraka. Wengi hulipwa kwa kipande, na madalali wanataka viboko mia moja vya kimo kimoja. Anayelipwa kwa kipande hawezi kulizungusha jiwe siku mbili akinywa chai. Nimeona vijana wenye mikono ya ajabu ambao kwa miaka sita wamechonga mnyama mmoja. Inawezekana kutoka humo: Elkana Ong'esa, mzaliwa wa huko Tabaka, alilifikisha jiwe la kwao hadi makao makuu ya UNESCO mjini Paris kwa sanamu yake ya ndege wa amani. Ila alipitia pia vyuo, Makerere kikiwamo, na akachonga kwa vipimo ambavyo dalali wa viboko havimhusu. Ukienda Tabaka, nenda na mpango wa siku yako moja katika wiki ya kuchonga kitu ambacho hakuna aliyekiagiza. Bila hiyo utakuwa mashine.

Udongo: kosa linalojificha

Mpingo na jiwe ni kazi za kupunguza. Udongo ni kazi ya kuongeza. Ukiona pua ni ndogo, unabandika. Ukiona shingo imelala, unaishika kwa mkono wa kushoto, unaikanda kwa wa kulia, inasimama. Unaweza kubomoa sanamu nzima jioni na kesho ukaanza na donge lile lile, hujapoteza hata shilingi. Ndiyo maana vyuoni mara nyingi humuanzishia mwanafunzi hapa, na hata wachongaji wa mawe makubwa hutengeneza kwanza kielelezo kidogo cha udongo.

Usidanganyike kwamba basi udongo ni mwepesi. Makosa yake unayafanya Jumatatu, unayaona Jumamosi ya wiki ya pili. Umeacha hewa katikati ya mkono na bega. Umebandika kipande kibichi kwenye kilichokwisha kauka. Umefanya kiwiliwili kinene kuliko miguu. Juu juu sanamu inapendeza. Maji yaliyobaki ndani yanageuka mvuke motoni yakifika nyuzi 100, na kama ukuta ni mnene hayana pa kutokea. Unasikia mlio mkavu ndani ya moto, na wewe huwezi kufanya lolote isipokuwa kungoja majivu yapoe.

Yule mama aliponifundisha kuchoma, alianza kwa kuvipasha joto vyungu na sanamu pembeni ya moto, akivigeuza kama mtu anayeota samaki. Kila alipogeuza alikigusisha chombo shavuni. "Bado kina baridi," alisema, na baridi kwake ilikuwa maji. Mimi shavuni mwangu sikusikia tofauti yoyote. Aliponiruhusu kuweka sanamu yangu ya kwanza, mwanamume mwenye ngoma, niliipeleka kwenye moto mapema. Ngoma ilibaki, mtu akapasuka vipande vitano. Hakunisema. Alivisaga vile vigae, akavichanganya kwenye udongo wa kazi inayofuata, kwa maana udongo wenye chengachenga za vigae hustahimili moto vizuri zaidi. Hivyo yule mwanamume mwenye ngoma yumo ndani ya sanamu zangu nyingine tatu.

Ukitaka kuona udongo unaweza kumfikisha mtu wapi, wapo wawili wa kuwatazama. Reinata Sadimba, Mmakonde aliyezaliwa 1945 kule uwanda wa Mueda, alijifunza ufinyanzi kama wanawake wa kwao, kisha akavifanya vyungu viwe watu: wenye nyuso zilizochanjwa, wenye watoto wanaochomoza matumboni na mabegani. Vita vilipomkimbiza kwao aliishi Tanzania mpaka akarejea Msumbiji mwaka 1992, akafanya kazi Maputo. Wa pili ni Magdalene Odundo, mzaliwa wa Nairobi mwaka 1950, ambaye makao yake ni Uingereza. Hatumii gurudumu la kufinyangia. Anainua ukuta wa chombo kwa mkono, anausugua mpaka unang'aa, anachoma mara ya kwanza kikatoka chekundu, na akitaka cheusi anachoma tena mahali ambapo hewa imebanwa. Vyombo vyake vina viuno na shingo. Ukivitazama unaona watu wamesimama.

Na kwa wasio na nauli ya Maputo wala London: Wakisi wa Ziwa Nyasa, akina mama wa kijiji cha Ikombe karibu na Matema, wamefinyanga kizazi kwa kizazi na vyungu vyao husambaa kwa mitumbwi na kwa soko la Matema. Hawachongi sanamu, lakini anayetaka kujua ukuta mwembamba unainuliwaje bila kuanguka, hapo ndipo shule ilipo.

Chuma na shaba, kwa ufupi

Sitakaa sana hapa kwa sababu mbili. Kwanza, chuma chakavu ni kazi ya kisasa inayopendeza, na fundi yeyote wa kuchomelea aliye tayari kukuazima mashine yake Jumapili ni mwalimu wa kutosha kwa miezi ya mwanzo. Kosa lake linarekebishika: unakata kwa grainda, unachomelea upya. Unalilipia kwa umeme na rodi, si kwa machozi.

Pili, shaba ya kusubu, yaani kuyeyusha na kumimina ile shaba iliyochanganywa na bati, si kazi ya kuanzia. Sanamu hutengenezwa kwanza kwa udongo, ikachukuliwa kalibu (umbo la kumiminia), ikamiminwa nta, nta ikafunikwa kwa kalibu nyingine, ikayeyushwa itoke, na ndani ya ule uwazi ikamiminwa shaba iliyoiva kupita nyuzi 1,000. Inahitaji tanuru, timu na fedha. Sanamu ya Askari pale katikati ya Dar es Salaam, iliyozinduliwa 1927, ilisubiwa London, na mchongaji wake alikuwa Mwingereza James Alexander Stevenson. Mambo yamesogea tangu hapo: chini ya milima ya Rwenzori, Uganda, kuna karakana ya kusubu ya Rwenzori Founders, na Nairobi sanamu ya Dedan Kimathi, shujaa wa Mau Mau, iliyozinduliwa 2007 ni kazi ya Wakenya wenyewe. Lakini utaona kwamba kazi ya shaba kwa kawaida hupita kwanza kwenye udongo. Ukitamani shaba, jibu lako ni sehemu iliyotangulia.

Vumbi, na nasema hili kwa uzito

Kila karakana niliyoitaja ina vumbi lake, na vijana hulidharau. La mpingo huwasha ngozi na kupigisha chafya. Wapo wenzangu waliolazimika kuacha kazi kwa sababu ya vipele vya mikononi. La jiwe ni baya zaidi, kwa sababu ni laini kama poda na linakaa mapafuni. Akina mama wa beseni wana nafuu kuliko wanaume wa panga, kwa kuwa wao wanasugua ndani ya maji. Chonga jiwe likiwa limelowa kila inapowezekana, kaa upande upepo unakotokea, vaa barakoa ya maana, siyo kitambaa cha kanga. Udongo mbichi hauna neno. Hatari yake ni siku ya kufagia. Usifagie ukiwa mkavu, futa kwa tambara la maji. Na kwenye chuma, usitazame mwanga wa kuchomelea hata kidogo, na usichomelee mabati yaliyopakwa zinki ndani ya chumba kilichofungwa, moshi wake hukulaza na homa.

Kama fundi unayetaka kwenda kwake anakucheka kwa kuvaa barakoa, tafuta fundi mwingine. Hapo sina mjadala.

Pesa na mzigo

Kwa mtaji, udongo ndio wa kwanza kwa unafuu, jiwe la pili. Patasi za jiwe unaweza kuanza bila hata moja: panga, kisu, msasa, nta. Mpingo unahitaji seti ya patasi nzuri na tezo mbili tatu, na gogo lenyewe ni ghali na linataka kibali. Hakikisha gogo unalouziwa lina karatasi za Wakala wa Huduma za Misitu, la sivyo unanunua kesi. Ukipata lililotoka kwenye misitu ya vijiji vya Kilwa, ambako wanakijiji wenyewe ndio wanaosimamia uvunaji, jua fedha yako imefika kwa waliolinda mti.

Kuuza nje kuna sheria ya kujua. Tangu Januari 2017 mpingo na karibu jamii yake yote imo kwenye orodha ya pili ya CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini. Mwaka 2019 ulegezwaji ulifanyika: bidhaa zilizokamilika zenye mbao zisizozidi kilo 10 kwa shehena zilisamehewa kibali hicho cha kimataifa. Mtalii mwenye kinyago kimoja hana tabu na mkataba huo, ila anayetaka kusafirisha nguzo ya ujamaa ya kimo cha mtu ajiandae kwa makaratasi.

Jiwe halina vikwazo hivyo, tatizo lake ni uzito na kuvunjika. Ujazo ule ule wa lita moja unakuwa zaidi ya mara mbili ya uzito wa mpingo, na shingo ya twiga wa jiwe haifiki salama kama haikufungwa vizuri. Udongo uliochomwa nao huvunjika. Katika kusafiri, mpingo ni mfalme.

Soko pia lina ugonjwa wake kwa kila kimoja. Kwenye mpingo ni bandia: mti mwepesi uliopakwa rangi ya viatu. Mnunuzi aliyeuziwa hivyo mara moja haamini tena hata kazi yako ya kweli. Acha sehemu ndogo ya ule weupe kwenye kitako cha sanamu. Ni ushahidi usiohitaji maneno. Tena hakuna aibu kuchonga mti mwepesi ukiusema ni mti mwepesi. George Lilanga, msanii wa Tanzania, aliuchonga na kuupaka rangi za kuwaka macho, na dunia ilimfuata. Wakamba wa Kenya, ambao husimulia kwamba uchongaji wao wa biashara ulianza na Mutisya Munge aliyejifunza Tanganyika wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, siku hizi wanachonga pia mwarobaini na mwembe, na kazi zinauzika.

Kwa binti

Mpwa wangu hakuuliza hili, ila nilipaswa kulisema kabla ya mengine yote. Vibanda vingi vya mpingo ni vya wanaume. Sijawahi kusikia mwiko uliotamkwa dhidi ya mwanamke kushika tezo, lakini kuna utani, kuna kutokupewa gogo zuri, na kuna kuulizwa kila siku umemfuata nani. Tabaka atapokewa vizuri, kisha kwa upole ataelekezwa kwenye beseni. Akitaka kisu itabidi aseme kwa sauti na arudie. Chelenge Van Rampelberg, mwanamke, amechonga miti mikubwa Kenya kwa miongo kadhaa, akijifundisha mwenyewe, kwa hiyo mlango umeshafunguliwa na mtu. Katika udongo hana wa kumuomba ruhusa: pwani na bara, hii ilikuwa kazi ya bibi zetu kabla ya kuwa ya vyuo.

Ningemshauri nini sasa

Mwenye subira ndefu, anayeweza kuishi mwaka mzima bila kipato cha kazi hii, na ambaye akikosea hakasiriki bali anatazama kosa limemfungulia nini, aende kwenye mpingo. Hatajuta, na bado naamini hakuna sanamu inayokaa na mtu kama ya mpingo. Anayehitaji kula mwezi huu huu, anayependa kelele za watu na kumaliza kazi, aende Tabaka, ila na ile siku yake moja ya wiki. Anayebadilibadilisha mawazo, anayetaka kujua mwili wa mtu unavyosimama kabla ya kujua malighafi, aanze na udongo. Anayesitasita kabisa, udongo pia, kwa sababu usipomfaa hajapoteza kitu, na jicho alilolipata atakwenda nalo popote. Wa chuo, Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo (TaSUBa) na idara ya sanaa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam zipo. Chuo kitakupa historia, michoro na vyeti, lakini likizo zako zote uzitumie kibandani.

Na popote uendako, usimtazame fundi akichonga tu. Nenda asubuhi kabla hajaanza. Tazama anapoitazama kazi ya jana, anaigeuza mara ngapi, anaigusa wapi kwanza.

Mpwa wangu nilimsomea haya yote. Alisikiliza mpaka mwisho, akauliza swali moja tu, kwamba zile siku mbili yule mzee alipokuwa akinywa chai, gogo lilikuwa limesimama au limelala. Sikukumbuka. Wiki iliyofuata alikuja na ndoo ya udongo kutoka bondeni, akaiweka kwenye kivuli cha mwembe wangu na kuifunika kwa gunia lililolowa. Juzi nimemkuta amesimamisha donge juu ya kibao, hajaligusa, analizunguka.